Marehemu Alikuwa na Asiransi

Jioni isiyo na ukungu, mtu aliyesimama bandarini Kalundu, mjini Uvira, huziona taa za Bujumbura zikiwaka ng'ambo ya maji. Huko Bujumbura kuna ofisi iitwayo ARCA, ambayo kazi yake ni kusimamia makampuni ya bima. Bahati mbaya ni kwamba hiyo ni ARCA ya Burundi. ARCA ya Kongo, yenye kazi ileile na herufi zilezile nne, iko Kinshasa, kilomita 1,500 hivi kwa mwendo wa ndege, na barabara ya kumfikisha mtu huko haipo. Mjane wa Uvira aliyekataliwa malipo ya bima ya maisha ya mumewe, akifuata taa anazoziona, atakuwa amepeleka malalamiko yake kwa dola isiyomhusu.

Kwa muda mrefu hata hiyo ofisi ya Kinshasa haikuwapo. Mwaka 1966 serikali iliunda SONAS, na biashara yote ya bima nchini ikawa mikononi mwa kampuni hiyo moja ya dola. Kwa karibu nusu karne, aliyeuza bima, aliyekagua madai na aliyeamua kama yalipwe alikuwa yuleyule. Aliyekataliwa hakuwa na kampuni nyingine ya kuhamia wala msimamizi wa kumshitakia. Ilibaki mahakama, au kunyamaza. Wengi walinyamaza. Sheria namba 15/005 ya tarehe 17 Machi 2015 ndiyo iliyolifungua soko hilo. ARCA ikaundwa kwa amri ya serikali mwaka 2016, na kuanzia 2019 ikatoa leseni kwa makampuni binafsi, Activa na Rawsur yakiwa miongoni mwa yaliyotangulia.

Muuzaji wa sokoni Mulongwe akiulizwa kama ana bima ya maisha huenda akacheka. Asiransi anayoijua ni ya gari, kile kikaratasi kinachoonyeshwa polisi barabarani. Lakini kama aliwahi kukopa benki au katika taasisi ya mikopo midogo, huenda anayo bila kujua. Wakopeshaji wengi hukata fedha kidogo siku ile ya kutoa mkopo na kuzipeleka kwa kampuni ya bima, ili mkopaji akifa au akipata ulemavu wa kudumu, kampuni ilipe deni lililobaki.

Tuseme mwalimu wa shule ya msingi, ambaye mshahara wake hupitia benki, alikopa dola 1,500 amalizie nyumba yake Kasenga. Akafariki akiwa bado anadaiwa 900. Baada ya matanga mkewe anaitwa kaunta.

“Mama, pole sana kwa msiba. Lakini lile deni la marehemu, familia ilimalize.”

“Basi mniachie muda kidogo, baba, niongee na mashemeji.”

Mama huyo amekubali deni ambalo pengine halimhusu hata kidogo. Swali alilopaswa kuuliza ni fupi: mkopo huu ulikuwa na asiransi? Kama ulikuwa nayo, anayelipwa na kampuni ya bima ni benki, na deni linakufa pamoja na mkopaji. Ugomvi wa namna hii una pembe tatu. Benki husema kampuni haijalipa. Kampuni husema benki ilichelewa kuleta taarifa, au ada haikuifikia. Na katikati anatembezwa mjane, mara huku, mara kule. Asikubali kuwa tarishi wao. Karatasi ya mkopo inaonyesha makato ya siku ya kwanza, na makato hayo yalichukuliwa na benki yenyewe. Kama ada ilikwama njiani kati ya benki na kampuni, hilo ni jambo la kumalizana wao wawili.

Bima ambayo mtu ameinunua mwenyewe kwa ajili ya watoto wake huzua mgogoro mwingine, nao huanzia nyumbani kabla haujafika kaunta. Nani alipwe? Kwa kawaida ya bima ya maisha, fedha aliyoandikiwa mtu kwa jina haiingii katika mali ya urithi. Haigawanywi na ukoo; inakwenda moja kwa moja kwa aliyeandikwa. Jambo hili huwachoma sana wajomba na baba wadogo. Kwao marehemu ni wa familia, na chochote alichokiacha kinapita kwenye baraza la familia.

Mambo hugeuka pale mkataba unapokuwa hauna jina, au unaposema “warithi wangu”. Hapo Sheria ya Familia ya 1987, iliyorekebishwa mwaka 2016, inashika usukani. Watoto ndio warithi wa kundi la kwanza na hupata robo tatu ya mali. Mume au mke aliyebaki, wazazi wa marehemu, na kaka na dada zake wako kundi la pili. Mali husimamiwa na mkubwa wa warithi au yule waliyemteua, ndiyo maana kaunta nyingi hudai PV (kumbukumbu za kikao) ya baraza la familia hata kabla ya kufungua dosie. PV ni sawa kuidai kama fedha ni ya warithi wote. Kumdai PV mtu ambaye jina lake limeandikwa waziwazi kwenye mkataba ni kumrudisha mikononi mwa ukoo bila sababu, naye ana haki ya kuuliza ni kifungu gani cha mkataba kinachotaka hivyo.

Na kuna mikataba inayosema “mke wangu” tu. Pwani nzima ya ziwa, kutoka Kavimvira hadi Baraka, kuna wanaume wenye nyumba mbili, mmoja wa wake akiwa ameolewa kwa mahari na mwingine kwa cheti cha komini. Sheria ya Kongo inatambua ndoa ya mke mmoja, iliyoandikishwa. Mtoto aliyezaliwa nje ya ndoa ana haki zake mradi baba alimkubali kisheria. Kampuni ikiona wanawake wawili wanagombea neno moja, hushika fedha na kungoja mahakama iamue, na kwa kweli hapo haina kosa: ikimlipa asiyestahili, inaweza kulazimika kulipa mara ya pili. Dawa ya ugomvi huu ni jina kamili, tarehe ya kuzaliwa na uhusiano, vimeandikwa mtu akiwa hai, na kubadilishwa maisha yanapobadilika.

Kisha kuna kifo chenyewe, ambacho lazima kithibitishwe kwa maandishi. Usiku wa tarehe 2 Julai 2010 lori la mafuta lilipinduka Sange, kwenye barabara ya Uvira na Bukavu katika bonde la Ruzizi. Watu wakakusanyika, wengine kuteka mafuta, wengine kutazama, na moto ulipolipuka uliua zaidi ya watu 230. Miili mingi haikutambulika, ikazikwa katika makaburi ya pamoja. Desemba 2014 meli Mutambala ilizama katika Ziwa Tanganyika, upande wa kusini, na zaidi ya watu 100 wakapotea. Katika misiba kama hiyo hakuna daktari wa kuandika cheti kwa kila jina. Mtu akiambiwa “leta hati ya kifo” aitoe wapi?

Sheria ya Familia haikulisahau jambo hilo. Mtu aliyepotea katika mazingira ambayo kifo chake ni hakika, ingawa mwili haukuonekana, anaweza kutangazwa amefariki kwa hukumu ya mahakama, na hukumu hiyo inasimama mahali pa hati. Vivyo hivyo kifo ambacho hakikuandikishwa kwa wakati huweza kuandikishwa baadaye kwa hukumu. Huanza na ombi mahakamani na mashahidi: chefu wa kata, jirani aliyemwona marehemu akipanda mtumbwi, mwenye chombo. Inachukua muda na ina gharama, lakini ni njia iliyo wazi, na kampuni haiwezi kuipuuza hukumu ya mahakama ya nchi.

Swali la hati zisizopatikana limewahi kuulizwa kwa kiwango kikubwa kuliko Sange. Wayahudi wa Ulaya walikuwa wamenunua bima za maisha kwa wingi kabla ya Vita Kuu ya Pili. Warithi walionusurika walipokwenda kudai, baadhi waliombwa hati za vifo vya watu waliouawa kambini Auschwitz, ambako wengi hawakuandikiwa hati yoyote. Miaka zaidi ya hamsini ikapita. Mwaka 1998 ikaundwa tume ya kimataifa, ICHEIC, chini ya Lawrence Eagleburger, aliyewahi kuwa waziri wa mambo ya nje wa Marekani. Tume ililegeza masharti ya ushahidi, ikakubali barua za zamani na maelezo ya familia pale mkataba ulipokosekana, na mpaka ilipofunga kazi mwaka 2007 ilikuwa imetoa zaidi ya dola milioni 300 kwa watu zaidi ya 48,000. Kampuni ya New York Life nayo ilikubali mwaka 2004 kulipa dola milioni 20 kumaliza kesi ya bima zilizouzwa kwa Waarmenia katika dola ya Osmani kabla ya 1915. Warithi walioshinda mara nyingi walikuwa na kitu kimoja cha kuanzia: barua, risiti, au jina la baba kwenye daftari la kampuni. Familia ya Uvira ambayo karatasi zake zilikwenda na maji ya mto Mulongwe katika mafuriko ya Aprili 2020 nayo haijapoteza kila kitu, kwa kuwa kampuni ina nakala yake ya mkataba na benki ina historia ya malipo. Ziombwe kwa barua.

Sababu za kukataa ambazo makampuni hutumia mara kwa mara hazizidi vidole vya mkono mmoja. Ada haikulipwa miezi kadhaa, kwa hiyo bima ilikufa kabla ya mwenyewe. Marehemu alificha ugonjwa alipojaza fomu. Kifo kimesababishwa na jambo lililotengwa na mkataba. Hilo la ada huwa gumu pale wakala alipopokea fedha taslimu bila risiti, au mteja alipolipa kwa faranga mkataba ukiwa wa dola, na kampuni ikahesabu kwa kiwango tofauti na cha kambisti wa siku ile. Anayelipa kwa Airtel Money au M-Pesa anabaki na ujumbe wenye tarehe na kiasi. Aufanyie nakala kwenye karatasi, simu huibiwa.

Kuhusu ugonjwa, shida iko kwenye fomu. Mkataba ni wa Kifaransa. Mteja anaongea Kiswahili, nyumbani Kifuliiru, Kivira au Kibembe, na wakala mwenye haraka ya kufunga biashara anajaza “hapana” kwenye maswali yote ya afya kisha anageuza karatasi apate sahihi. Miaka minne baadaye, “hapana” hiyo inakuwa uongo wa marehemu. Familia iangalie mwandiko. Kama ni wa wakala, na kama kuna shahidi kwamba mgonjwa hakuuficha ugonjwa wake, hilo liandikwe katika malalamiko tangu barua ya kwanza.

Kipengele cha vita ndicho cha kutazamwa kwa makini zaidi katika sehemu hii ya dunia. Mikataba mingi ya bima ya maisha, si ya Kongo tu, haigharamii kifo kinachotokana na vita au ghasia. Februari 2025 Bukavu ilitekwa na waasi wa M23 na serikali ya jimbo ikahamia Uvira. Desemba mwaka huohuo vita vikafika Uvira penyewe. Kampuni inaweza kuvutiwa kuona kila kifo cha miezi hiyo kuwa cha vita. Lakini aliyekufa kwa malaria katika hospitali kuu ya Uvira huku bunduki zikilia milimani amekufa kwa malaria. Kanuni ya ushahidi katika sheria ya Kongo ni ya zamani na ni rahisi: anayedai malipo athibitishe haki yake, na anayesema ameondokewa na wajibu wa kulipa athibitishe hilo. Kwa hiyo karatasi ya daktari isiishie kwenye neno “amefariki”, itaje ugonjwa.

Upo mgogoro mmoja ambao hauna mwizi wala mwongo. Mwaka 1985 dola moja ilikuwa karibu zaire 50, na mtu aliyejiwekea bima ya zaire milioni moja alikuwa ameacha kitu cha dola 20,000. Oktoba 1993 ikaja zaire mpya, moja kwa zaire 3,000,000 za zamani. Mwaka 1998 ikaja faranga ya Kongo, moja kwa zaire mpya 100,000. Ukizidisha, faranga moja ni zaire bilioni 300 za 1985, na ile milioni ya marehemu haifiki hata sehemu ndogo ya senti. Kifungu cha 33 cha sheria ya mikataba ya Kongo, ambacho kila mwanafunzi wa sheria anakijua kwa kichwa, kinasema mikataba iliyofungwa kihalali ni sheria kwa walioifunga. Mkataba ulisema zaire milioni moja, na kampuni ilidaiwa hizohizo. Wazee wengi waliipoteza imani yao kwa asiransi hapo, na si rahisi kuwalaumu. Ndiyo maana leo swali la kwanza kabla ya kutia sahihi ni sarafu: mkataba umehesabiwa kwa nini, na utalipwa kwa nini.

Wapo pia wenye bima walio hai, wanaotaka tu fedha yao irudi kabla ya muda. Hapa wengi hushtuka kukuta kiasi kidogo kuliko walichochangia. Miaka ya mwanzo sehemu kubwa ya ada hulipa kamisheni ya wakala na gharama za kampuni, na jedwali la kuvunja mkataba mapema huwa limo ndani ya karatasi zile zile. Jedwali likifuatwa, mteja hana kesi. Kama hakuwahi kupewa jedwali, anayo.

Mgogoro ukishatokea, kaunta si mahali pa kuumalizia. Dai liandikwe barua, nakala mbili, moja irudi na kashe ya kampuni na tarehe ya kupokelewa. Barua itaje namba ya mkataba, tarehe ya kifo, kiasi kinachodaiwa, na iombe jibu la maandishi lenye kifungu kinachotegemewa. “Dosie yako inashughulikiwa” si jibu. Karani akigoma kugonga kashe, barua pepe inafaa, kwa kuwa inabaki na saa na siku yake. Kampuni ikikataa au ikinyamaza, nakala za barua hizo zote hutumwa ARCA Kinshasa, ambayo kulinda wenye bima na wanufaika ni sehemu ya kazi iliyopewa na sheria, na ambayo ndiyo inayoshika leseni ya kampuni. Hapo ndipo penye nguvu yake: si hakimu, lakini hakuna kampuni inayopenda kuulizwa na mtoa leseni.

Mahakama inabaki. Mjini Uvira kuna mahakama ya amani, ile ambayo watu huiita Tripaix, na iliyo juu yake, TGI (Tribunal de Grande Instance). Kesi ya kawaida huenda taratibu na wakili hulipwa. Ila tangu Kongo ijiunge na OHADA mwaka 2012 kuna njia fupi kwa deni la hakika, lililofika siku yake na ambalo kiasi chake hakina utata: mdai anaomba amri ya kulipa, na jaji huitoa kwa kutazama karatasi kabla hata ya kuusikia upande wa pili, ambao baadaye unaweza kupinga. Bima iliyofikia mwisho wake mwenyewe akiwa hai, ada zote zikiwa zimelipwa, inafaa kabisa kwa njia hiyo. Kifo chenye maswali hakifai.

Na wanaovuka mpaka wa Kavimvira kwenda kununua bima Bujumbura, ambako kampuni ya SOCABU imekuwapo tangu miaka ya 1970? Sheria ya 2015 inakataza hatari iliyoko Kongo kuwekewa bima kwa kampuni ya kigeni isiyo na leseni ya Kongo. Likizuka la kuzuka, ARCA ya Kinshasa itasema kampuni hiyo si yake, na mdai atasafiri kutafuta haki ugenini, mpaka ukiwa wazi.

Tanzania ilichagua njia nyingine. Sheria yake ya Bima ya 2009 ilimweka Msuluhishi wa Migogoro ya Bima, ofisi iliyo mbali na TIRA inayotoa leseni, na mtu wa kawaida anaweza kumpelekea dai lake bila wakili, kwa Kiswahili. Kenya ina mfuko wa kuwafidia wenye bima pale kampuni inapoanguka. Kongo haihitaji kunakili vyote hivyo kesho. Katiba ya 2006, katika kifungu chake cha kwanza, inakitaja Kiswahili kuwa moja ya lugha nne za taifa, na sheria ya 2015 tayari inaitaka ARCA iwalinde wenye bima. Fomu ya malalamiko ya ukurasa mmoja kwa Kiswahili, iwekwe kwenye ofisi za komini za Mulongwe na Kalundu, na kwenye kila kaunta inayokata asiransi ya mkopo, isingehitaji hata kura moja ya bunge.